Jinsi ya Kumwomba Mfadhili Hela ya Filamu Bila Kumlaza Usingizi

Nimekaa mbele ya wafadhili mara nyingi kuliko nilivyokaa nyuma ya kamera. Kwenye kukataliwa mimi ni fundi, kwa hiyo nisikilize.

Hatua ya 1: Fupisha hadithi mpaka ikuume. Sentensi mbili tu: nani, anataka nini, nani anamzibia njia. Mara ya kwanza mimi nilianzia utotoni kwa babu yake mhusika mkuu. Dakika ya kumi na moja mfadhili akauliza, "Huyu babu ndiye steringi?" Babu alikuwa marehemu kabla filamu haijaanza.

Hatua ya 2: Bajeti. Hapa ndipo wengi tunapozama. Ukurasa mmoja wa mswada uliopangwa vizuri ni kama dakika moja ya filamu. Ukileta kurasa 180 na kusema utarekodi kwa siku kumi, mfadhili anajua hesabu: hiyo ni filamu ya saa tatu. Tenga fungu la dharura, kwa kawaida asilimia 10 hivi. Mimi niliandika "mengineyo". Mfadhili akaweka kidole hapo na hakukiondoa mpaka kikao kikaisha. Sauti na uhariri navyo vina bei, hata kama mhariri ni shemeji yako. Na jilipe. Anayejiandikia sifuri anaonekana kama mtu atakayetoroka katikati ya kazi.

Hatua ya 3: Mwache Robert Rodriguez, yule mwongozaji wa Marekani anayetolewa mfano na kila mtu, apumzike. Ndiyo, filamu yake El Mariachi ya 1992 aliirekodi kwa takriban dola 7,000, na sehemu ya hela aliipata kwa kujitolea kwenye majaribio ya dawa. Mfadhili ameshasimuliwa hayo asubuhi hiyo hiyo, tena mara mbili. Halafu atakuuliza: sasa wewe nyingi zote hizi za nini? Isitoshe, studio iliyoinunua ilimwaga hela nyingi zaidi kuisafisha kabla haijaingia kumbi za sinema.

Hatua ya 4: Kionjo, yaani vipande vya kumwonjesha filamu yako. Kiwe kifupi, na kiwe ndani ya kompyuta yako. Usitegemee intaneti ya watu.

Hatua ya 5: Akiuliza "hela yangu itarudije?" usimjibu kwamba sanaa haina bei. Mwambie nani ataitazama, itauzwa wapi, na mapato yakiingia nani analipwa kwanza. Kisha nyamaza kabisa. Mimi kimya kilinishinda, nikaikata bajeti yangu nusu pale pale bila kuombwa. Kumbe mzee wa watu alikuwa anatafuta kalamu.