Jinsi Mahakama Inavyopanga Matunzo ya Mke na Mtoto Wazazi Wanapotengana

Mahakama inapopokea maombi ya matunzo huangalia kwanza mambo mawili, yaani mahitaji ya anayeomba na uwezo wa anayeombwa. Mama anayefika mbele ya hakimu akiwa na maelezo marefu ya ugomvi wa ndoa, lakini hana hata karatasi moja inayoonyesha gharama za mtoto, humwachia hakimu kazi ya kukisia, na anayeumia kwa makisio hayo ni mtoto.

Tenganisha madai yako tangu mwanzo. Matunzo ya mtoto ni haki yake mwenyewe: ibara ya 27 ya Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Mtoto wa 1989 inawapa wazazi jukumu la msingi la kumpatia mazingira ya maisha anayoyahitaji ili akue, kwa kadiri ya uwezo wao. Matunzo ya mke hupimwa kwa vigezo vingine, vikiwamo umri na afya yake, muda ambao ndoa imedumu, kipato chake, kazi aliyoiacha ili alee watoto, na hali ya maisha waliyoizoea. Ombi la mke likikataliwa, la mtoto bado linasimama.

Kisha andaa orodha ya matumizi ya mwezi, na hapa usifanye haraka. Chakula na kodi ya nyumba hakuna anayevisahau. Vinavyosahaulika ni vile visivyolipwa kila mwezi. Ikiwa mtoto hubadilishiwa viatu vya shule mara mbili kwa mwaka, jumlisha bei ya jozi zote mbili, gawanya kwa 12, kisha uandike kiasi hicho na kuambatisha risiti. Fanya vivyo hivyo kwa sare, matibabu, ada na nauli. Gharama inayotumiwa na watu wote wa nyumba, kama umeme, eleza umeigawanyaje, kwa sababu wakili wa upande wa pili atakuuliza. Usiongeze chumvi, kwani tarakimu moja ikithibitika kuwa ya uongo, hakimu ataanza kuzitilia shaka zote.

Kuhusu uwezo wa mlipaji, hati ya mshahara na taarifa za benki hutosha kwa mwajiriwa. Aliyejiajiri huhitaji uchunguzi zaidi: mahakama inaweza kumwamuru aweke wazi mali na mapato yake kwa kiapo, na katika nchi nyingi, akiwa ameacha kazi makusudi ili akwepe, huhesabiwa kipato ambacho angeweza kukipata. Kipato cha mama nacho huhesabiwa, na kukificha ni kujidhuru.

Namna ya kukokotoa hutofautiana. Jimbo la Wisconsin nchini Marekani kwa kawaida hutumia asilimia ya kipato cha mlipaji, yaani 17 kwa mtoto mmoja na 25 kwa wawili. Kwingine hujumlishwa vipato vya wazazi wote wawili, na mwenye robo tatu ya jumla hiyo hubeba robo tatu ya gharama za mtoto. Zipo pia mahakama zisizo na kanuni ya hesabu, ambako hakimu hutumia busara yake. Huko ndiko ile orodha yako ina uzito mkubwa zaidi.

Kwa kuwa kesi huweza kuchukua muda na mtoto hawezi kusubiri chakula, omba amri ya muda ya matunzo mara unapofungua shauri.

Amri ikishatolewa, weka kumbukumbu ya kila malipo, ikiwezekana yapitie benki. Mlipaji akigoma, mwombaji hurudi mahakamani kuomba utekelezaji, ambao unaweza kuwa kukatwa mshahara au kukamatwa kwa mali. Kumzuia mtoto asimwone baba yake kwa sababu hajalipa si njia ya kudai, na mahakama nyingi hazikubaliani nalo. Mlipaji naye akipoteza kazi asiache tu kulipa, bali aombe marekebisho mara moja, maana hadi mahakama ibadilishe amri, deni huendelea kulimbikizwa kwa kiwango cha awali.