Mgogoro wa kazi Lubumbashi: kabla ya kufika tribunali

Msikimbilie tribunali. Sheria 015/2002 ya tarehe 16 Oktoba 2002, ndiyo Kodi ya Kazi ya Kongo, inataka mgogoro wa wafanyakazi wengi uanzie kwa Inspekta wa Kazi, ajaribu kupatanisha. Akishindwa, unapita kwenye mediasyo, yaani usuluhishi wa hatua ya pili, ndipo Tribunali ya Kazi. Mwandikieni Inspekta barua moja: madai, idara zinazoguswa, majina ya madelege, wawakilishi wa wafanyakazi. Toeni nakala mbili. Yenu irudi na muhuri na tarehe.

Wengi wanateleza kwenye peve, ile karatasi ambamo Inspekta anaandika yaliyosemwa kwenye upatanisho. Isomeni neno kwa neno kabla ya kutia sahihi: mkiwa na madai manne na imeandikwa "mishahara" tu, matatu mtayatetea kwa shida. Na kugoma kabla njia hizo hazijaisha ni kinyume cha sheria. Patroni analijua hilo vizuri sana.