Somo: Ndizi iliyovaa tai

Oktoba 1976, Mwanasheria Mkuu wa Kenya Charles Njonjo alionya kuwa hata kuwaza kifo cha Rais ni kosa la kunyongwa. Mzee Kenyatta akafariki Agosti 22, 1978. Filamu yetu ya ndizi inayooza, inayoungwa kwa picha moja moja, inakaa katikati ya tarehe hizo.

1. Nunua kwa mama mboga ndizi moja ya manjano isiyo na doa. Mfunge tai ya kipande cha kanga, mketishe juu ya boksi la kiberiti. (Kuanzia hapa ni ngeli ya A-WA, ni mheshimiwa.)

2. Simu iegemee debe la unga, isisogee. Ziba dirisha, washa balbu. Piga picha 240 kila siku kwa siku 9. Kwa picha 12 kila sekunde utapata dakika 3.

3. Sauti ndiyo kazi yenyewe. Siku ya kwanza mtangazaji aseme, “Mtukufu Rais leo amepokea wajumbe.” Siku ya saba, ganda jeusi na maji yanachuruzika, aseme hayo hayo kwa sauti ile ile nzito. Rika langu tunaijua: taarifa ya saa moja jioni ilianza na yeye, hata kama alienda kanisani tu. Neno “kifo” lisitajwe popote.

4. Nzi watakuja wenyewe. Usiwafukuze, hao ni baraza la mawaziri. Wangu mmoja alitua kwenye fundo la tai, akasugua mikono kama mtu anayengoja tenda.

MASWALI (ya wanafunzi, kwa mitaa yao)

Kayole: Mwalimu, nimchoree sura ya mtu fulani?
— Hapana. Ukichora sura tutamcheka mmoja. Asiye na sura, kila mtu atamwona wake, hata chifu wa mtaani.

Rongai: Mama ametupa ndizi yangu siku ya sita!
— Pole ndugu, umepinduliwa. Wangu wa kwanza aliliwa na binamu siku ya pili. Anza upya, funga mlango.

Umoja: Naweza kuionyesha ukumbini?
— Ipeleke kwanza KFCB, bodi ya kuainisha filamu Kenya, iainishwe. Ndiyo sheria ya maonyesho ya hadhara.

Pangani: Baada ya siku 9 kiti kibaki wazi?
— Sekunde nne tu, dada. Kisha mkono uingie, uketishe ndizi nyingine, mbichi. Tai ni ile ile. Usiifue.