Somo: Namna ya Kubuni Ganda la Chombo Kinachovuka Nyakati na Malimwengu

Waandishi wengi wa hadithi za kisayansi huanza kwa kutaja madini yasiyovunjika, wakayaita ganda la chombo, kisha wakaendelea na safari. Naona huko ni kuanzia mwisho. Chombo kinachovuka wakati hakivunjwi na pigo kama kinavyovunjwa na tofauti: omo, yaani sehemu ya mbele, ikiwa katika sekunde moja na tezi, yaani sehemu ya nyuma, katika sekunde nyingine, hata chuma kigumu kuliko vyote hakitabaki kitu kimoja. Somo hili linaeleza teknolojia ya kubuni niliyoiita Ganda la Saa Moja, ambayo kazi yake ni kuhakikisha kwamba kila sehemu ya chombo inaishi wakati mmoja na kutii kanuni zilezile za maumbile.

Hatua ya kwanza: tambua hatari kabla ya kuchagua malighafi

Hatari ni tatu: vumbi la angani, tofauti ya mwendo wa saa, na mabadiliko ya kanuni za fizikia. Ya kwanza ina jibu la siku nyingi. Mwaka 1947 mwanafalaki Fred Whipple alipendekeza bati jembamba liwekwe mbali kidogo na ukuta wa chombo, ili chembe inayokuja kwa kasi isambaratike kwenye bati na kuufikia ukuta ikiwa imepungukiwa na nguvu. Liazime wazo hilo na usonge mbele.

Hatua ya pili: yape mataruma (mbavu za chombo) saa

Hapa ndipo pa kutulia. Nadharia ya Einstein ya mwaka 1915 inaonyesha kwamba saa iliyo karibu na kitu kizito huenda polepole kuliko iliyo mbali nacho, na mwendo wa kasi nao huichelewesha saa. Kwa sababu hizo mbili zikijumlishwa, saa za setilaiti za GPS hutangulia zile za ardhini kwa takriban maikrosekunde 38 kila siku, na zisiporekebishwa, ramani hupotosha. Katika hadithi, iache tofauti ya namna hiyo izuke kati ya omo na tezi chombo kinapoukaribia mlango wa wakati, ikue hadi atomi za bamba moja zishindwe kushikana na za bamba la pili.

Kwa hiyo weka saa ya atomiki katika kila taruma, na mkuku, yaani uti wa chini wa chombo, uwe ndio unaotoa mapigo. Taruma linalochelewa liharakishwe, linalotangulia lizuiwe. Kumbuka, hata hivyo, kwamba mapigo hayo hayapiti kasi ya mwanga, nao mwanga huchukua takriban maikrosekunde moja kuvuka mita 300. Chombo kikiwa kirefu zaidi, marekebisho huchelewa zaidi. Ndiyo maana nashauri chombo kiwe kifupi, hata kama meli kubwa hupendeza zaidi kwenye picha.

Hatua ya tatu: tafuta nishati hasi

Mwaka 1994 mwanafizikia Miguel Alcubierre alionyesha kihisabati kwamba anga inaweza kujikunja mbele ya chombo na kutanuka nyuma yake, ila kwa sharti la kuwapo nishati hasi, yaani nishati iliyo chini ya ile ya mahali patupu. Mwanafizikia Hendrik Casimir alikuwa ametabiri mwaka 1948 kwamba mabamba mawili ya metali yasiyo na chaji, yakikaribiana mno katika ombwe, yaani mahali patupu pasipo hata hewa, huvutana, kwa kuwa nishati kati yao hushuka chini ya ile ya nje. Athari hiyo ni ndogo sana. Ubunifu wetu ni kupanga mabamba ya aina hiyo kwa mabilioni ndani ya ganda, kama kurasa za kitabu, ili yatoe nishati hasi ya kutosha.

Hatua ya nne: kalafati (ziba) mishono

Nguvu inayozishika elektroni kwenye atomi hupimwa kwa namba iliyo karibu na 1/137. Ulimwengu wenye namba nyingine ungekuwa na metali za tabia nyingine. Ganda halina budi kubeba kanuni za nyumbani, na kila mshono ni mahali ambapo kanuni za wageni zinaweza kupenya. Mshono mmoja ukivuja, bamba lililo jirani hulainika bila kuguswa na moto.

Maswali ya wanafunzi

Mwalimu, chombo kikirudi nyuma na kukutana na mwanga wake chenyewe, ganda litastahimili?

Swali zuri, ndugu. Mwaka 1992 mwanafizikia Stephen Hawking alitoa dhana kwamba maumbile huzuia mizunguko ya wakati, yaani njia zinazomrudisha msafiri kwenye wakati wake uliopita, kwa kuwa nishati ya ombwe hurundikana pale mzunguko unapokaribia kujifunga. Upe mzigo huo uzito wake: ganda listahimili kuvuka mara chache tu, na kila kuvuka kuache ufa.

Abiria watazeeka kwa kiasi gani?

Kwa kiasi kile ambacho saa ya mkuku imehesabu, si zaidi.

Je, dirisha linawezekana?

Kioo hapana, dada yangu, kwa sababu dirisha ni mshono mpana kuliko yote. Ganda liupokee mwanga wa nje, liupime, kisha liichore picha yake upya upande wa ndani kwa mwanga wa nyumbani. Abiria ataona kile tu ambacho ganda limeweza kukifasiri, na palipo na rangi isiyo na mfano kwetu, paachwe peusi.