Mmerithi flati India? Jinsi ya kulipa kodi ya jengo ya manispaa ukiwa Dar, Mombasa au Muscat

Mjomba wangu alilipa kodi ya jirani miaka mitatu mfululizo. Mitatu! Kila Aprili anakaa na simu yake, anaingiza namba, anaona jina la kiukoo linafanana na letu, analipa, anatuma risiti kwenye grupu la familia na sote tunamwekea dole gumba. Mwaka wa nne bili ya kwetu ikafika na deni na riba juu, ndio tukaanza kusoma zile risiti vizuri tukakuta tarakimu moja imekosewa. Kwa hiyo haya ninayoandika tumeyajua kwa kuumia.

Nawaandikia hasa wale kama sisi, wazee walitoka Gujarat wakaja huku, watoto wakazaliwa Dar na Mombasa, halafu bibi anafariki mnagundua kumbe kuna flati ya vyumba viwili kule imekaa kimya na bili zinarundikana chini ya mlango. Na wale wa Muscat na Dubai waliojinunulia kwa kadi zao za OCI (kadi ya mtu mwenye asili ya India aliye raia wa nchi nyingine) nao wamo humu. (Mtu asiye na asili ya India na haishi kule hawezi kununua tu nyumba hivihivi, kwa hiyo msinijazie inboksi na hilo.)

Tuanze na kuelewa ni kodi ya nani. Sio ya serikali kuu, na haihusiani na kodi ya mapato. Ni ya manispaa ya mji ambao nyumba ipo, na inatozwa kwa sheria ya jimbo husika, ndio maana hakuna kanuni moja ya India nzima na rafiki yako wa Pune akikwambia "sisi tunafanya hivi" usikopi, Pune ni Pune na Delhi ni Delhi. Hata jina linabadilika, Gujarat utasikia vero au gharvero, Maharashtra wanaita gharpatti, kwenye karatasi za Kihindi inaandikwa sampatti kar. Pesa ndio inasafisha mitaa, taa, mifereji, na kwenye bili nyingi utakuta vipande vipande, kodi kuu, maji, maji taka, sesi (tozo ya nyongeza) ya elimu, bili ya Mumbai ina mpaka sesi ya miti.

Sisi wa Tanzania tumedekezwa kwenye hili. Tangu Agosti 2021 kodi ya jengo iko ndani ya LUKU, ukinunua umeme wameshachukua chao, umemaliza. Kule hakuna wa kukukata kimyakimya, ukisahau wanakuacha usahau, deni linakua na riba yake. Na kwa Wakenya, msilinganishe na ile kodi ya ardhi mnayolipa kaunti, Nairobi inaangalia thamani ya kiwanja, kule jengo lenyewe ndio linahesabiwa, ukubwa wake, umri wake, na nani anakaa ndani.

Haya, kitu cha kwanza kabisa kabla hujagusa hela: namba. Kila nyumba ina namba yake ya kodi na kila mji una jina lake la hiyo namba. Ahmedabad wanaita namba ya tenementi, Delhi ni UPIC, Hyderabad PTIN, Bengaluru PID, Mumbai SAC. Itafute kwenye bili ya zamani au risiti ya zamani, sio kwenye kumbukumbu ya mtu. Kisha ingia kwenye tovuti ya manispaa yenyewe, weka namba, halafu linganisha vitu vitatu: jina la mmiliki, namba ya flati pamoja na jina la jengo, na ukubwa wa eneo. Jina peke yake halitoshi jamani, kwenye jengo la Wapatel unaweza kukuta Patel kumi na wawili na nusu yao wana herufi za mwanzo zilezile, ndio yaliyomkuta mjomba. Ukishahakikisha, piga picha ya skrini na uiandike mahali pa kudumu, sisi tumeiandika nyuma ya mlango wa kabati.

Ukishapata namba ndio uje kwenye hesabu. Njia ziko tatu kubwa. Ya kwanza ni ya zamani, wanakadiria nyumba yako ingepangishwa kwa kiasi gani kwa mwaka halafu wanachukua asilimia ya hapo, Chennai, Hyderabad na Pune bado wanaenda na mawazo hayo. Ya pili ni ya eneo, kila mita au futi ya mraba ina bei yake kulingana na mtaa, Delhi wanatumia hii tangu 2004 na Bengaluru tangu 2008, Ahmedabad nao wanahesabu kwa eneo halafu wanazidisha na vigezo vya mahali, umri wa jengo, matumizi na nani anakaa. Ya tatu ni Mumbai, toka 2010 wao wanaangalia thamani ya mtaji, yaani bei ya nyumba kwa mujibu wa jedwali la serikali.

Delhi nitaitumia kama mfano sababu hesabu yake unaifanya mwenyewe na kikokotoo cha simu. Mitaa yote imegawanywa daraja A mpaka H, A ni wenye nazo, H ni kule pembezoni. Kila daraja lina bei ya mita ya mraba kwa mwaka, A ni rupia 630, E ni 270, H ni 100. Tuseme una nyumba ya mita 100 kwenye mtaa wa daraja E, imejengwa 1995. Mita 100 mara 270 ni 27,000. Jengo la miaka ya 1990 kigezo chake cha umri ni 0.9, kwa hiyo inakuwa 24,300. Ni nyumba imara ya zege, unakaa mwenyewe, vigezo vingine vyote ni 1, havibadilishi kitu. Daraja E kodi ya makazi ni asilimia 11, unapata rupia 2,673 kwa mwaka mzima, na sesi kidogo juu yake. Ndio hiyo tu. Watu wanaogopa hii kodi wakidhani ni mamilioni na kumbe kwa flati ya kawaida ni pesa ya kulisha wageni wawili hotelini, kinachouma ni kuiacha miaka saba. Kabla hujalipa angalia viwango vya mwaka wako kwenye tovuti, manispaa huwa zinabadilisha.

Bengaluru wana kitu kimoja kinachonifurahisha, kwenye fomula yao ya eneo mwaka una miezi 10, wanazidisha mara 10 badala ya 12, halafu wanatoa uchakavu kulingana na umri wa jengo. Ila angalieni hapa: kwa miaka mingi bei ya futi kwa nyumba iliyopangishwa imekuwa mara mbili ya ile unayokaa mwenyewe. Sasa wengi wetu huku tumepangisha flati kwa wanafunzi au kwa familia changa huku kwenye fomu pameandikwa "anaishi mwenyewe" tangu enzi za babu. Hiyo ni hatari, fomu ni tamko lako mwenyewe, siku wakikagua wanadai tofauti ya miaka yote pamoja na faini. Mpangaji yupo, sema yupo.

Upande wa pili nao upo, kuna nafuu ambazo hupewi mpaka uombe. Pune anayekaa nyumba yake ana punguzo la asilimia 40 lakini lazima ujaze fomu ya PT-3 na kuthibitisha. Mumbai nyumba za makazi za futi za mraba 500 kushuka chini zilisamehewa kodi mwaka 2022. Delhi nyumba moja unayokaa, ikiwa kwa jina la mwanamke, mzee wa miaka 60 na kuendelea au mlemavu, kuna punguzo la asilimia 30 kwa mita 200 za kwanza. Mama yangu aliposikia hili la wanawake alisema basi nyumba zote ziandikwe jina lake, baba akacheka, mpaka leo hajajibu.

Tarehe sasa. Mwaka wa fedha unaanza 1 Aprili unaisha 31 Machi, na manispaa nyingi zinampa zawadi anayewahi. Bengaluru na Hyderabad kumezoeleka asilimia 5 ukilipa mwaka mzima ndani ya Aprili. Delhi wamekuwa wakitoa asilimia 10 ukilipa yote kwa mkupuo kabla ya 30 Juni. Chennai wanalipa kwa nusu mwaka, Aprili hadi Septemba na Oktoba hadi Machi, kwa hiyo wao wanakumbuka mara mbili. Gujarat nako kuna msimu wa punguzo kwa wanaolipa mapema, na tarehe hutangazwa kila mwaka. Ukichelewa, riba inahesabiwa kwa mwezi, na kuna miji imezoea asilimia 2 kila mwezi, piga mwenyewe hesabu ya mwaka. Ukiona una deni la zamani usikimbilie kulipa lote siku hiyohiyo, kwanza uliza kama kuna msamaha wa riba, manispaa zinautoa mara kwa mara, mfano Delhi 2025 walitoa mpango ambao ukilipa mwaka huo na mitano iliyotangulia, ya nyuma zaidi inafutwa.

Kulipa kwenyewe ndio wengi mnakwama. Aliye India anafungua PhonePe au Google Pay, anatafuta kodi ya manispaa, anachagua mji, anaweka namba, dakika mbili. Wewe uliye nje mambo ni tofauti. UPI, yaani mfumo wa India wa kulipa kwa simu kutoka akaunti ya benki, kwa namba ya simu ya nje ilifunguliwa 2023 kwa nchi 10 kwanza, Oman, Emirati, Saudia na Qatar zilikuwemo, kwa hiyo wa Muscat mwenye akaunti ya NRO au NRE (akaunti za benki za India kwa wanaoishi nje) anaweza kuiunganisha na namba yake. Kenya na Tanzania hatukuwemo kwenye orodha ile. Sisi tunapita kwenye tovuti ya manispaa kwa intaneti benkingi ya akaunti ya NRO, ambayo mnaihitaji hata hivyo kama pango la mpangaji linaingia. Kadi ya benki ya huku unaweza kujaribu ila mara nyingi inagoma, na ikigoma usirudierudie, subiri uone kama hela imetoka. Tovuti nyingine zinataka namba ya simu ya India zitume neno la siri la muda, hapo ndio unamhitaji binamu mwaminifu aliyeko kule. Mwaminifu nimesema. Mtumie hela na namba ya nyumba, yeye akutumie risiti, na risiti uihakiki wewe mwenyewe kwenye tovuti, unaingiza namba unaona deni limekuwa sifuri. Meseji ya benki kwamba hela imekatwa sio risiti, hela inaweza kukatwa na manispaa isione kitu, mara nyingi inarudi yenyewe baada ya siku kadhaa ila lazima ufuatilie.

Wenye flati kwenye sosaiti, yaani ushirika wa wenye flati za jengo, ile pesa ya mwezi ya mlinzi na lifti kwa kawaida haina kodi ya manispaa ndani yake. Isipokuwa Mumbai, huko majengo mengi bili inakuja moja kwa jengo zima na sosaiti inagawa kwa wanachama. Muulizeni katibu wa sosaiti kabla hamjalipa mara mbili.

Halafu jina. Kama bado bili inakuja kwa jina la marehemu, kodi unaweza kulipa tu, hawamkatai mtu anayeleta hela, lakini fungueni ombi la kubadilisha jina mapema. Watataka cheti cha kifo, wosia au hati ya urithi, barua za warithi wengine kwamba hawana pingamizi, na risiti ya karibuni kuonyesha hakuna deni. Kumbe sasa mnaelewa kwa nini kodi inalipwa kwanza. Msidanganyike lakini kwamba jina kwenye bili ya kodi ni umiliki, mahakama za kule zimesema mara nyingi kwamba kuandikwa kwenye daftari la manispaa hakumpi mtu haki ya nyumba, hati ndio hati. Tumeona shangazi wa mtu anatamba na risiti za miaka ishirini kama vile ni taitoli.

Kama mmepangisha, tunzeni risiti kwa sababu nyingine tena: kwenye hesabu ya kodi ya mapato ya India, kodi ya manispaa iliyolipwa na mwenye nyumba ndani ya mwaka husika inatolewa kwenye pato la pango kabla hata ya ile asilimia 30 ya kawaida wanayokupunguzia. Iliyolipwa, sio inayodaiwa. Na akilipa mpangaji haikuhesabiwi wewe.

Msiolipa kabisa, wanaanza na notisi, halafu wana nguvu ya kisheria ya kukamata mali na kuuza. Pune wamewahi kupeleka bendi kupiga ngoma mlangoni kwa wadaiwa, mtaa mzima unatoka kuangalia. Kwa flati iliyofungwa na wenyewe wako Kariakoo sijui wangempigia nani.

Yule jirani wa mjomba? Alirudisha ya miaka miwili, bila kelele. Mwaka wa tatu alileta boksi la pipi za maziwa akasema tuhesabu hapohapo.