Kabla hujafunga kazi, andika pa kuanzia kesho

Kwenye kazi ya miezi mingi, kama tasnifu au kitabu, nimegundua kinachochosha zaidi ni ile nusu saa ya asubuhi ya kujiuliza nilifika wapi. Sasa kila jioni, kabla sijainuka, naandika sentensi moja: hatua ya kwanza ya kesho. Ianze na kitendo, na iwe ndogo kiasi cha kumalizika ndani ya dakika 20. "Sura ya 3" haisaidii. "Panga upya aya mbili za mwanzo za sura ya 3" inasaidia sana. Jioni kazi yote bado iko kichwani, kwa hiyo unajua lipi litangulie. Asubuhi simu na ujumbe wa watu ndivyo vinavyokuchagulia. Moja tu, tafadhali! Ukiandika tano umerudi kwenye orodha, na kwenye orodha tunakimbilia lililo jepesi. Mbinu hii haifui dafu ukiwa unasubiri jibu la mtu mwingine, au hujui mradi unaelekea wapi. Hatua ileile ikijirudia siku tatu mfululizo, usiiandike tena: ivunje vipande, au ufikirie upya mpango mzima.