Mambo ya kuzingatia kabla ya kwenda mwambani wakati wa bamvua

Mara mbili katika kila mwezi mwandamo, bahari ya mashariki ya Unguja hupwa kiasi kwamba mtu akisimama ufukweni Paje au Jambiani huona mchanga, majani ya bahari na vijiti vya mashamba ya mwani, na maji yenyewe huyaona mbali, pale mawimbi yanapovunjikia mwambani. Ndilo bamvua hilo. Wageni wengi wanapoliona kwa mara ya kwanza hupatwa na hamu ya kuifuata bahari kule ilikokwenda, na hamu hiyo siilaumu hata kidogo, ila asiende mtu kabla hajatimiza yafuatayo.

Kwanza, jua tarehe ya mwezi. Bamvua huja mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, kwa kuwa siku hizo mwezi na jua huvuta maji kwa pamoja, na nguvu yake huzidi kidogo siku moja au mbili baadaye. Wavuvi huhesabu kwa tarehe za Kiislamu: tarehe mosi hadi tatu, kisha kumi na tano hadi kumi na saba. Katika siku hizo tofauti kati ya maji yaliyopwa na yaliyojaa hukaribia mita 4, ilhali wakati wa maji mafu, mwezi ukiwa nusu, tofauti hiyo hupungua sana. Siku ya mwezi mpevu maji hufika mwisho wa kupwa karibu na saa 4 asubuhi, na kila siku inayofuata saa hiyo husogea mbele kwa takriban dakika 50, kwa hiyo saa uliyoambiwa jana usiitumie leo.

Pili, vaa viatu vya soli ngumu vinavyofunika mguu mzima, kwani ndala hazizuii miiba, na yuko samaki anayefanana na jiwe ambaye miiba ya mgongo wake ina sumu kali. Usiokote konokono wa baharini aliye hai. Chukua maji ya kunywa na kofia. Uliza kijijini kama sehemu ya mwamba imefungwa, maana baadhi ya vijiji vya Unguja na Pemba hufunga mwamba kwa miezi kadhaa ili pweza wakue, na kuingia humo ni kuwadhulumu wenyewe.

Tatu, na hili naomba lisomwe mara mbili: panga saa ya kugeuka kabla hujaondoka ufukweni, na saa hiyo iwe kabla maji hayajamaliza kupwa.

Nililijua hilo kwa gharama. Ilikuwa siku ya pili baada ya mwezi mpevu, nami nilimpeleka mwambani binamu yangu wa miaka 12 aliyetoka bara na asiyejua kuogelea. Maji yalimaliza kupwa kama saa 5 na dakika 40. Haikupita nusu saa, wanawake waliokuwa wakichokoa pweza jirani yetu walikusanya vyuma na matenga yao wakaanza kurudi, na mmoja wao akatuita: "Wanangu, rudini, maji yameshageuka." Niliitazama bahari mbele yangu, nikaona mawimbi yapo palepale, nikamjibu, "Tunakuja, mama," kisha nikaendelea kumwonyesha mtoto viti vya pwani, wale wanyama wa baharini wenye umbo la nyota, chini ya mawe.

Kosa langu lilikuwa kutazama mbele. Mwamba ni kama ukuta wenye milango, na maji yanapojaa hupita kwenye milango hiyo kwanza, yakajaza mabonde yaliyo karibu na ufukwe wakati mahali uliposimama, palipoinuka, bado ni pakavu. Tulipogeuka tulizikuta nyayo zetu za asubuhi zimejaa maji, na ndani ya kila unyayo chembe za mchanga zilikuwa zikisukumwa kuelekea nchi kavu. Bonde tulilolivuka asubuhi maji yakitufika kwenye vifundo vya miguu sasa lilinifika kiunoni, na mtoto kifuani, tena lilikuwa na mkondo unaovuta ubavuni. Nilimshika mkono, akateleza, akanywa maji. Tulishikilia kijiti cha shamba la mwani hadi mkulima mmoja alipotufikia na mtumbwi wake, na alipotupakia ncha ya kijiti kile ilikuwa imeshazama.

Hesabu yake ni hii. Maji hayapandi kwa mwendo mmoja katika saa 6 za kujaa: saa ya kwanza huongezeka kidogo, ya pili mara mbili ya hapo, ya tatu na ya nne mara tatu. Katika bamvua la mita 4, saa mbili za mwanzo huleta mita 1 nzima, na saa ya tatu peke yake huleta mita nyingine. Anayesubiri kuona maji yakija kwa macho yake huwa anakaribia saa hiyo ya tatu akiwa bado njiani. Basi unapolivuka bonde la karibu na ufukwe, chagua kijiti kimoja, kumbuka maji yamekifikia wapi, na kila baada ya dakika chache geuka ukitazame. Wachokoa pweza wakiondoka, ondoka nao.

Usiende peke yako, usiende usiku bila mwenyeji, na mwachie mtu wa ufukweni taarifa ya saa utakayorudi. Upepo wa kusi ukivuma kwa nguvu, ahirisha. Na ukiona bahari inapwa kwa kasi katika saa isiyo yake, usiifuate hata hatua moja, kwani huenda ni dalili ya tsunami: tarehe 26 Desemba 2004 mawimbi ya tsunami yaliyoanzia Sumatra, Indonesia, yalifika Somalia, Kenya na Tanzania na kuua watu. Chukua watoto, pandeni mahali pa juu, na msishuke hadi mtangaziwe kuwa ni salama.